Gwiji wa Kuanguka

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo miaka imeshindwa kuninyang'anya. Mengine nayasahau. Nasahau nimeweka wapi funguo, nasahau kama mboga ya sombe nimeitia chumvi ama bado, na wajukuu wananicheka. Lakini siku hiyo nikiiita inakuja yote, na jua lake na vumbi lake.

Kwanza nikueleze kwa nini nimeiita leo. Juzi ulikuja hapa kwangu Ruwenzori, katika mtaa huu wetu wa Beni, ukakaa na simu yako mkononi, ukanionyesha magwiji wakuu wa chesi mmoja baada ya mwingine. Huyu alipata cheo kabla hajaota ndevu. Yule amecheza na watu wengi kwa wakati mmoja akiwa amefungwa macho kwa kitambaa. Yule mwingine ni mwanamke aliyewatoa jasho wanaume waliokuwa wakiogopwa dunia nzima. Ulinieleza safari zao na vikombe vyao kama mtu anayeeleza ukoo wake. Halafu ukazima simu, ukasema kwa sauti ndogo, "Bibi, mi nimechelewa." Una miaka kumi na saba! Mimi nikacheka, wewe ukanuna, chai ukaiacha ikapoa. Nisamehe kwa kucheka. Leo nakujibu, ila uvumilie, maana niliyefundisha hesabu miaka mingi sijui kujibu kwa mkato.

Nilikuwa na umri kama wako, nchi bado ikiitwa Zaire. Nilisoma Butembo, kwa watawa, na mtawa mmoja kijana ndiye aliyetufundisha mchezo huu siku za mvua, tusipoweza kwenda kwenye shamba la shule. Vipande vyenyewe vilikuwa vimepungua. Ngome moja ilikuwa kizibo cha chupa. Lakini mimi niliupenda tangu siku ya kwanza, kwa sababu ulikuwa mahali pekee ambapo msichana aliweza kukaa kimya, akafikiri, wala asiambiwe ananuna. Yule mtawa alikuwa na magazeti ya zamani ya Kifaransa yenye habari za magwiji. Niliyasoma mpaka yakachanika kwenye mikunjo.

Sasa sikiliza jambo hili la neno, maana hadithi yote imesimama hapo. Sisi tulifundishwa mchezo huu kwa Kifaransa, na kwa Kifaransa jina lake ni échecs. Nawe uliyesoma kwetu unajua neno hilo lina pacha wake, wanaitwa kwa sauti moja, huwezi kuwatofautisha kwa sikio: échec, maana yake kuanguka. Ndilo wanaloandika kwenye bulletin, karatasi ya matokeo, ya mwanafunzi aliyeshindwa mwaka. Sisi wanafunzi tulishazoea, tulilicheka hata. Wazazi wetu walimjua pacha mmoja tu.

Baba yangu, Papa Kasereka, alikuwa mkulima wa maharagi na viazi, upande wa kuelekea Lubero, kwenye baridi. Mtu wa maneno machache na mikono mikubwa. Kifaransa alikijua kidogo, lakini kile kidogo alikijua vizuri, na neno lile alilichukia kuliko ukungu unaoozesha viazi. Kwa nini alilichukia hivyo, mimi sikujua.

Basi ikafika siku ya proclamation, siku ya kutangaza matokeo ya mwaka. Unaijua: wazazi wamevaa nguo za misa, wamesimama uwanjani, na préfet, mkuu wa shule, anaita majina kwa sauti ya juu. Baba alikuwa amekuja kwa miguu tangu alfajiri, amevaa koti lake la harusi. Préfet akasoma darasa kwa darasa. Kabla hajafika darasa letu, akataka kuanza na habari njema, maskini, akitaka kunipa heshima. Akanyanyua mkono akasema, "Première en échecs: Kahambu, fille de Kasereka!"

Watu wakaangua kicheko. Wa kwanza katika kuanguka! Waliojua maana walicheka, na wasiojua wakacheka kwa kuwafuata. Na mimi nikacheka, mwanangu. Nilikuwa na furaha, nilijua kinachofuata: préfet alikuwa anataka kutangaza kwamba nimechaguliwa kwenda Kampala, wakati wa likizo, kukaa mbele ya gwiji mkuu aliyealikwa huko kucheza na vijana wengi kwa mpigo mmoja. Lakini baba hakungoja kinachofuata. Alikuja akanishika mkono mbele ya watu wote, tukatoka uwanjani. Darasa letu lilisomwa nasi tukiwa tayari barabarani, na bulletin yangu ikabaki mezani kwa préfet.

Tulipofika nyumbani ndipo mdomo wa baba ukafunguka.

"Mi nilisikia na masikio yangu! Première mu ba-échecs. Première! Na wewe unacheka!"

"Papa, mi hapana anguka. Mi nilipita."

"Donc préfet eko muongo?"

"Hapana, Papa. Ni ile échecs ya—"

"Ile neno isiingie tena mu hii nyumba. Unasikia, Kahambu? Atakayeitaja, atatafuta nyumba ingine."

Unaona nilivyofungwa? Mchezo ule nilikuwa nao kwa jina moja tu, na jina hilo ndilo lililokatazwa. Ningeueleza kwa neno gani? Mama aliniamini, lakini kwa habari za Kifaransa baba hakumsikiliza. Shule ilikuwa imefungwa, mtawa wangu alikwenda kwenye mafungo Bukavu. Baba akaamua: masomo yamekwisha. Nitapelekwa Manguredjipa kwa shangazi yangu, anayepikia wachimba dhahabu, nikajifunze kupika bugali kwa masufuria makubwa, na baadaye nipate mume. Kupika bugali si aibu, wala shangazi hakuwa mtu mbaya. Lakini mimi nilitaka kusoma, mwanangu.

Na nilifanya nini? Nikanuna. Nilikaa jikoni nikichambua maharagi, sisemi na mtu, nikiwaza kwamba baba akinipenda ataelewa mwenyewe.

Siku chache baadaye akaja Mzee Salumu. Huyu alikuwa Mwislamu wa hapa Beni, mwenye kamioni, aliyebeba maharagi ya baba na kahawa za watu wengine mpaka Uganda. Alikuwa mtu wa mwili mdogo, kofia safi siku zote, na alicheka hata kabla ya kujua kinachochekesha. Baba alimheshimu kama kaka mkubwa. Akampa chai, wakaongea habari za barabara, kisha baba akamwomba anitafutie gari la kunifikisha Manguredjipa.

"Huyu mutoto? Mwenye akili hivi?" Mzee Salumu akanitazama. "Ameanguka nini?"

"Masomo."

"Masomo gani?" Akanigeukia mimi, akiniita mama kama wazee wanavyowaita wasichana. "Mama, njoo hapa. Ulianguka nini? Sema."

Nikamtazama baba. Baba akatazama chai yake. Neno lilikuwa limenijaa mdomoni na sikuthubutu kulitoa. Sijui akili ile ilitoka wapi: nikachukua kipande cha mkaa jikoni, nikachora sakafuni, mistari hivi na mistari hivi, mpaka ubao ukatimia. Nikavuta kapu la maharagi. Meupe nikayapanga upande wangu, mekundu upande wa pili. Kwa mfalme nikaweka punje ya mahindi, kwa malkia mbegu ya boga, na farasi nikawafanyia vijiti vya kiberiti. Kisha nikasukuma harage jeupe hatua mbili mbele, nikainua macho.

Mzee Salumu alikuwa ameacha kikombe hewani.

"Ee! Mais hii ni sataranji!" Akashuka kwenye kiti, akapiga magoti mbele ya maharagi yangu. "Kasereka, hii ni sataranji! Baba yangu alikuwa anacheza hii na bageni ya kutoka pwani, kule Beni, mu baraza ya duka. Huyu mutoto hapana anguka. Anacheza muchezo ya bafalme!"

"Sata-nini?"

"Sataranji."

"Na juu ya nini préfet anaiita échec?"

"Kamuulize mufaransa! Bo beko na mambo yabo. Huyu mwenye anasimama pembeni ya mufalme, unajua banamuita nani? Fou. Mwendawazimu! Mufalme gani anaweka mwendawazimu pembeni yake? Kwetu ule ni tembo."

Baba akacheka. Hakutaka kucheka, nilimwona akikaza midomo, lakini kicheko kilimponyoka. Na mimi, badala ya kumshukuru Mungu nikanyamaza, nikataka kumalizia hapo hapo. Nikamweleza kwamba nimechaguliwa kwenda Kampala, na kwamba mchezaji mkubwa atakayekuwa huko ana cheo cha juu kuliko vyote, kwa Kifaransa anaitwa grand maître, bwana mkuu.

Kicheko kikakatika. Wakati ule, mwanangu, kulikuwa na maneno mengi kuhusu watu wa sekte, yaani vyama vya siri, wanaokutana milango ikiwa imefungwa, na mkubwa wao, walisema, anaitwa grand maître. Padri alishatuonya misani.

"Grand maître? Ya secte?" Baba akasimama. "Salumu, mi ni mukristu. Mutoto yangu hapana enda kwa mulozi."

Ningelia pale pale. Mzee Salumu hakubishana naye. Alipangusa magoti yake, akakaa, akamaliza chai. Kisha akasema, "Kasereka, macho hayana pazia. Kamioni yangu inapeleka kahawa Kampala ile juma. Panda na mutoto wako, uende umuone huyo mutu. Kama ni mulozi, utamurudisha Kahambu, na mi mwenyewe nitamufikisha Manguredjipa. Kama si mulozi, utajua la kufanya."

Baba akayatazama tena maharagi yangu sakafuni. Halafu akamwambia mama amtolee koti.

Tulilala njiani kwa Mzee Salumu, hapa Beni, ambako joto lilimshangaza baba mpaka akalala nje kwenye mkeka. Asubuhi, kabla ya kupanda kamioni kwenda mpakani Kasindi, Mzee aliniita kando, karibu na gurudumu. Nilidhani anataka kunipa moyo. Alinigombeza.

"Mama, siku zote zile ulikuwa na mudomo. Juu ya nini hukuongea?"

Nikamjibu kwamba baba alinikataza.

"Alikukataza neno moja. Maneno ingine yote, nani alikukataza?"

Akaendelea, bila kupandisha sauti: ubaoni mimi naona hatua tano mbele, lakini nyumbani nilikaa nikingoja mwingine anichezee zamu yangu. Kama yeye asingekuja kwa maharagi, ningekuwa tayari nakoroga sufuria Manguredjipa, nimenuna, nikimlaumu baba mpaka uzeeni. Karipio lile lilinichoma, kwa sababu lilikuwa la kweli na lilitoka kwa mtu aliyenipenda. Kweli inauma, lakini ya mtu anayekupenda inauma mara mbili.

Kampala walituweka katika ukumbi wa shule moja. Meza zilipangwa kwa mstari mrefu ulioviringika, sisi tumekaa nje, na gwiji anazunguka ndani, ubao kwa ubao. Sheria ni hiyo: akifika mbele yako ucheze, naye anakujibu, anapita kwa jirani. Baba alisimama nyuma yangu na kofia mkononi. Alikuwa akitafuta pete, au alama yoyote ya sekte. Gwiji akaingia. Alikuwa mtu mwembamba, wa makamo, sweta yake imeshonwa kwenye kiwiko, na pua yote nyekundu kwa mafua. Alipiga chafya mara ya kwanza kabla hajasogeza hata askari mmoja.

Baba akainama sikioni mwangu. "Ni huyu? Grand maître eko na mafua?"

Nadhani hapo ndipo hofu ya ulozi ilipomtoka. Lakini hofu nyingine ilibaki, na hiyo ilikuwa yangu. Nilijua baba amekuja kutazama jambo moja: mtoto wake anapita, ama anaanguka. Jibu la siku ile ndilo lingesema kama mwezi wa tisa nitakuwa darasani au Manguredjipa. Hakunitamkia hivyo. Hakuhitaji.

Nilicheza kama mtawa alivyonifundisha, bila haraka, mikono chini ya mapaja mpaka niwe nimeamua. Wa kushoto kwangu alishindwa mapema, akasimama. Wa kulia naye. Waliomaliza walikuja kusimama nyuma yangu, karibu na baba. Gwiji, ambaye mwanzo alikuwa akinijibu huku anatembea, sasa alianza kusimama kwenye meza yangu, anafuta pua, anatazama. Nilikuwa na askari mmoja aliyepenya kwake, amesonga mbele sana, na farasi wangu akimlinda.

Kisha akanyoosha mkono, akasema neno kwa Kiingereza. Mzee Salumu, aliyesimama kando ya baba na ambaye Kiingereza chake kilikuwa cha mpakani na sokoni, akanitafsiria: "Anasema mugawanye. Nusu yako, nusu yake."

Sare, mwanangu. Gwiji mkuu alikuwa ananitolea sare, mimi msichana wa maharagi. Mtawa angenibeba mgongoni mpaka Butembo. Lakini nikageuka nikamtazama baba. Uso wake haukuelewa. Baba alijua kupita na kuanguka, hakuna cha katikati. Nikawaza, nusu haitanirudisha shuleni. Nikatikisa kichwa.

Watu wakaguna. Gwiji akainua nyusi, akarudisha mkono wake, akacheza. Nikamsukuma askari wangu mbele, nikamsukuma tena, mbio mbio, nikaacha mlango wa mfalme wangu wazi. Haraka haraka haina baraka, wahenga walishasema, lakini wahenga hawakuwa na baba aliyesimama nyuma yao na kofia mkononi. Alipozunguka na kurudi, farasi wake alikuwa amekwisha kuona mlango ule. Alipozunguka tena, mambo yalikuwa yamekwisha. Nikamlaza mfalme wangu kwa mkono wangu mwenyewe, kama adabu ya mchezo inavyotaka, nikampa gwiji mkono. Machozi yakaanguka juu ya ubao na sikuyafuta.

Nilimsikia baba akivuta pumzi nyuma yangu.

Alipomaliza wote, gwiji akarudi. Hakuwa na sababu ya kurudi. Akavuta kiti, akapanga vipande kama vilivyokuwa pale aliponinyooshea mkono, akauliza kitu. "Anauliza juu ya nini ulikataa nusu," akasema Mzee Salumu. Kisha nikakumbuka gurudumu la kamioni kule Beni, nikafungua mdomo. Nikasema yote, mwanangu, mbele ya baba: neno lenye mapacha, kicheko cha watu, Manguredjipa, na kwamba kwetu nusu haihesabiwi. Mzee akatafsiri. Gwiji akasikiliza hata mafua akayasahau.

Na aliyonijibu ndiyo maisha ya gwiji, yale ambayo simu yako haikuonyeshi. Mpaka leo sijui ni maneno mangapi yalikuwa yake na mangapi Mzee Salumu aliyaongeza, maana mkalimani huyo alikuwa na mkono mzito wa chumvi. Alisema ili upewe cheo chake lazima ufanye matokeo makubwa katika mashindano ya wakali, si mara moja, mara tatu. Mara mbili aliyapata akiwa kijana, watu wakaanza kumwita gwiji kabla ya wakati. Ya tatu ikamkimbia. Mwaka mmoja aliikosa kwa nusu. Mwaka mwingine tena kwa nusu. Akaoa, akapata watoto, akafundisha wengine, wale aliowafundisha wakampita. Marafiki walimwambia aache. Na siku alipoipata ile ya tatu, hakumshinda mtu yeyote. Mpinzani wake alimtolea sare, akaipokea, akaenda kulala. Cheo kile hakivuliwi tena mpaka kufa, na kilikamilishwa kwa nusu.

Hapo ndipo baba alipopiga hatua mbele.

"Salumu, muulize. Yeye alisha anguka?"

Mzee akauliza. Gwiji akaanza kuhesabu kwa vidole. Vidole vikaisha. Akacheka, akapiga chafya, akanyoosha mkono kuonyesha mbao zote za ukumbi ule, mwanzo hadi mwisho, na akaashiria kwamba bado hazitoshi.

Baba akatazama zile mbao. Alizitazama moja moja. Nilidhani atavaa kofia tuondoke.

"Mi nilianguka mara moja tu," akasema.

Akatueleza, amesimama, macho kwenye meza. Alikuwa mtoto mwenye akili kijijini kwao. Babu aliuza mbuzi kumlipia masomo, na siku ya kutangaza alikuja na wazee wenzake kumsikiliza mtoto wake. Wakaita jina lake na neno lile nyuma yake. Babu hakumpiga wala hakumtukana. Ni yeye mwenyewe, baba yangu, aliyekataa kurudi mwaka uliofuata, wakati nafasi ilikuwepo na babu alikuwa tayari kuuza mbuzi mwingine. "Mwalimu alikuja mpaka nyumbani kunitafuta," akasema. "Nikajificha mu shamba. Nilianguka mara moja tu, nikaacha."

Mzee Salumu, aliyetafsiri kila kitu siku ile hata yasiyosemwa, hayo hakuyatafsiri. Gwiji aliona lakini. Akasimama, akampa baba mkono, baba akaupokea kwa mikono miwili.

Halafu baba akanigeukia. "Kahambu. Mwezi ya kenda unarudia masomo. Tutapita kwa préfet kukamata bulletin." Akafikiri kidogo. "Na ile nusu, siku ingine banakupatia, kamata."

Sikuwahi kuwa gwiji, mwanangu. Nakwambia mapema usije ukangoja mwisho wa namna hiyo. Nilisoma, nikawa mwalimu wa hesabu, nikacheza Goma na nikacheza Kinshasa mara moja, nikafungwa na wachezaji wengi wazuri. Kisha vita vikaja, na ikawa miaka ambayo kutoka Butembo hadi Beni na kufika salama kulikuwa ndiyo ushindi pekee tuliouomba. Wewe umezaliwa ndani ya hayo, sina haja ya kukusimulia. Baba alizeeka vizuri. Aliniita "mwalimu" mbele ya wageni, na mbele yangu aliniita Kahambu.

Sasa nasaha yangu, na uikamate kwa mikono yote miwili.

Ukitazama maisha ya magwiji, usitazame mwaka waliopewa cheo peke yake. Tafuta michezo waliyofungwa. Imeandikwa yote, hawaifichi, na wao wenyewe ndiyo wanayoikalia usiku kuisoma kuliko ile waliyoshinda. Mtoto aliyepata cheo kabla ya ndevu amefungwa mara nyingi kuliko wewe ulivyocheza. Ameanza mapema tu kuanguka. Basi usijipime na umri wake. Jipime na idadi ya mara ulizorudi kukaa mezani. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi.

Ukipewa nusu, pokea. Haba na haba hujaza kibaba, na vibaba vingi vya dunia hii vimejazwa na nusu ambazo wenye haraka walizikataa. Mlaze mfalme wako mwenyewe unapoona mambo yamekwisha, umpe aliyekushinda mkono, kisha umuulize amekuonaje. Asiyeuliza hanalo ajifunzalo. Shule usiiache, hata kama kwenye simu yako yupo aliyeiacha akafaulu. Yeye nyuma yake palikuwa na walimu na nauli, na wewe nyuma yako una mama anayeuza nyanya na bibi anayesahau chumvi. Cheza na usome.

Na watu wa nyumbani wasipokuelewa, ongea nao. Wakikukataza neno moja, yako mengine. Ukikosa yote, maharagi hayakosekani.

Haya, sogea nikuwekee mkono kichwani. Mungu akupe kichwa kitulivu na subira ya wakulima wa Lubero. Akupe barabara zenye amani, utoke Beni na urudi Beni ukiwa mzima. Akupe watu wa kukugombeza kwa upendo, na masikio ya kuwasikia. Akulinde na wanaokucheka, na akusaidie kucheka pamoja nao. Na zaidi ya yote, mwanangu, Mungu akuepushe na kuanguka mara moja tu.